Baada ya Neno "Kata"

2 Machi

Mvua imeanza leo asubuhi, nami nikaanza nayo.

Kwenye filamu hii mimi ni watu watatu. Mwandishi aliandika onyesho lenye umati wa majirani. Mtayarishaji akamwambia umati huo utakuwa watu wawili na mwavuli. Mwongozaji akaona hana budi kuwapiga picha kwa karibu ili mwavuli ufanye kazi ya umati. Watatu hao hawapatani, na hakuna wa kuwasuluhisha kwa sababu wote hulala kitanda kimoja.

Hadithi ni ya siku moja ya mvua. Mama mjane yuko nyumbani kwake, binti yake mkubwa anaingia kumwambia kwamba nyumba imeuzwa. Mwisho mama anasimama mlangoni, anamlaani binti, anafunga mlango. Laana ina kurasa mbili. Ni maneno bora kuliko yote niliyowahi kuandika, na safu yangu gazetini ina miaka kumi na tisa ya maneno.

Nyumba tunayopigia picha ni ya wazazi wetu, nayo imeuzwa kweli. Mnunuzi ni daktari wa meno. Aliyetaka kuuza ni dada yangu, hakimu mstaafu. Mimi nilitia saini kwa sharti moja tu, kwamba funguo zisitoke mpaka tarehe 20 Aprili, ili niipige picha nyumba kabla haijabadilishwa.

Na anayeigiza mama ni dada huyohuyo. Ana paji la uso la mama na namna yake ya kukaa kwenye kiti kana kwamba kiti ndicho kilichoomba. Lakini sababu ya kweli haikuwa paji la uso. Nilitaka asimame mbele ya kamera aitamke hukumu hiyo kwa kinywa chake, na iwe inamhusu yeye. Anajua. Alisoma mswada mzima amevaa miwani, akaurudisha mezani.

"Nitakuja," alisema. "Lakini nisiloliamini sitalisema."

"Ni filamu, dada. Si kiapo."

"Kwako."

4 Machi

Siku ya kwanza ya kamera. Mpiga picha wangu ni mtu wa harusi. Ndiye ambaye Mtayarishaji aliweza kumpata. Tunamwita Bwana Harusi, ingawa ameachika. Ana mkono mzuri na ugonjwa mmoja: nikisema "kata" hakati. Kamera yake inaendelea mpaka watu waanze kunywa chai.

Nikamwambia anajaza kadi za kamera bure.

"Mazoea, bosi. Harusini ukizima mapema, ndipo baba mkwe analia."

"Hapa hakuna baba mkwe."

"Wapo. Hawajalia tu."

Fundi sauti wangu, ambaye ndiye pia atakayehariri, ni binti wa miaka thelathini asiyesema sana. Ana desturi ya ufundi wake, nami naiheshimu kwa shingo upande. Kila tunapomaliza onyesho, anainua mkono na kusema "kimya cha chumba", na kila mtu anasimama palepale alipo kwa muda wa dakika moja, bila kukohoa, huku yeye akinasa ukimya. Anasema hakuna vyumba viwili vyenye kimya cha aina moja. Hiki kina friji, kile kina bati. Baadaye hukitandika chini ya mazungumzo ili maungio yasisikike.

Dada alipoona jinsi nilivyosimama nimeuma midomo alicheka kwa mabega.

"Binti," alimwambia fundi sauti baada ya dakika kwisha, "nimekaa mahakamani maisha yangu yote na sijawahi kuona amri inayomnyamazisha huyu. Unayo kwa maandishi?"

5 Machi

Mvua. Sebuleni. Kazi imekwenda.

9 Machi

Jikoni paa linavuja. Kwangu ni bahati: niliweka beseni la bati sakafuni, karibu na meza, mahali ambapo mwanga wa dirisha unaliangukia vizuri. Picha ilikuwa nzuri mno, mpaka nikaona kwamba mara ya pili beseni halipo pale. Limesogea hatua moja kuelekea jiko. Na mara ya tatu limesogea tena.

Msomaji wa kawaida hajui adhabu ya jambo hili. Onyesho moja hupigwa vipande vipande, halafu huunganishwa. Beseni likiwa kulia katika kipande kimoja na kushoto katika kingine, mtazamaji anaacha kumsikiliza mama na kuanza kufuata beseni kama paka.

"Nani anagusa beseni?"

"Mimi," alisema dada. Alikuwa amevaa gauni la mama, lile la maua ya kahawia. "Tone haliangukii ndani."

"Halihitaji kuangukia ndani. Linahitaji kuonekana."

"Sakafu inalowa."

"Dada, hii si sakafu. Ni picha ya sakafu."

"Basi mwambie mwenye picha asiteleze."

Tukaweka alama za chokaa sakafuni. Wakati wa kuigiza haligusi. Nikisema "kata" tu, nageuka kuzungumza na Bwana Harusi, nikirudi beseni liko chini ya tone. Leo nzima tumefanya hivyo, mimi nalirudisha kwenye chokaa, yeye analisogeza kwenye tone. Mtu mzima aliyewahi kufunga watu magerezani.

14 Machi

Nimepeleka safu ya wiki. Nimewachapa watengeneza filamu wanaoonyesha mvua kwa mpira wa kumwagilia bustani. Nimeandika kwamba mvua ya mpira huangukia watu wawili tu, na nyuma yao unaona jirani anaanika nguo. Kwamba mtu asiye na subira ya kuingoja mvua hana haki ya kuipiga picha. Safu nzuri. Nilicheka peke yangu nilipokuwa naiandika.

15 Machi

Hakuna mvua.

16 Machi

Safu imetoka. Hakuna mvua.

18 Machi

Jua la kupasua mawe. Tumepiga picha kabati kwa ndani.

20 Machi

Bwana Harusi alikuja na mpira wa bustani mabegani, akauweka karibu na bomba, akakaa. Fundi sauti alitazama dirishani. Dada alikuwa amekunja gazeti kwenye ukurasa wangu.

"Nisome?" aliuliza.

"Hapana."

"'Mtu asiye na subira ya kuingoja mvua...'"

"Najua nilichoandika, dada."

"Vizuri. Maana mashahidi wengi husahau."

Mpira umerudishwa. Siwezi. Si kwa sababu ya heshima ya sanaa; ni kwa sababu nina maadui wenye kumbukumbu nzuri.

24 Machi

Imerudi, kwa hasira. Tumepiga picha mchana kutwa. Mwigizaji anayecheza binti mkubwa, mwanamke wa jukwaani mwenye sauti ya kufika nyuma ya ukumbi, ameomba msamaha wa mama mara ishirini kwa namna ishirini tofauti. Dada anamjibu kwa sauti ya chini. Nimegundua kwamba dada akiwa kimya mwigizaji anakuwa na hofu ya kweli. Nimeiandika pembeni mwa mswada: *atumie hiyo.*

28 Machi

Daktari wa meno alikuja kupima madirisha. Ni mtu mpole, anavua viatu mlangoni bila kuambiwa. Nilimwuliza kama anajua ananunua nini. Akasema vyumba vinne na kiwanja. Nikamwambia ananunua ukuta ambao baba aliujenga mwenyewe tofali kwa tofali, jiko ambalo ndani yake watu walilelewa na kusomeshwa, na kwamba kuna watu hapa duniani wanaoona nyumba kama jino, ikiuma tu wanang'oa. Nilizungumza kwa muda. Alisikiliza ameshika utepe wa kupimia.

"Pole sana," alisema mwishoni, kwa dhati. Halafu akamwuliza dada, "Hilo paa ni la kubadilisha lote, eti?"

"Lote," alisema dada. "Na mlango wa mbele. Umevimba kwa maji, unafungwa kwa bega."

Alipoondoka, dada alinitazama.

"Mtu amekuja kupima madirisha. Umemsomea mashtaka ya karne nzima."

"Alihitaji kusikia."

"Alihitaji mtu wa kumshikia upande wa pili wa utepe."

3 Aprili

Leo nitaandika kirefu.

Tumebakiza maonyesho machache na lile la mwisho, la mlangoni. Nilimwita dada tukae sebuleni, wengine wakiwa wanakula, tuyapitie maneno ya laana. Mvua ilikuwa ya wastani, ile isiyo na haraka. Akayasoma yote kwa sauti, vizuri, bila kukwama. Halafu akavua miwani.

"Nimesikia mashtaka," alisema. "Yameandikwa vizuri. Mshtakiwa hajahojiwa."

"Mshtakiwa ni mtu wa kubuni."

"Mdogo wangu. Umenivalisha gauni la mama."

Nikamwambia basi ajibu. Nilikuwa na hoja zangu tayari, nimezipanga tangu mwaka jana, na nilizitoa: kwamba nyumba ya wazazi si mali, ni shahidi, kwamba ukoo usio na mlango wake unakuwa kundi la watu wenye majina yanayofanana. Alizisikiliza zote mpaka mwisho, kama alivyowasikiliza mawakili maisha yake yote, mikono juu ya magoti. Kisha akasema polepole:

"Wewe unaipenda nyumba hii kwa sababu hukuwahi kuipiga deki."

Nikataka kusema kitu. Akainua kidole.

"Sijamaliza. Unajua mama alikuwa ananiomba nini kila mvua ikianza? Nimtafutie nyumba yenye mtu juu yake."

"Yenye mtu juu yake?"

"Ghorofa. Yeye akae chini. Alisema, 'Mwanangu, nataka nikisikia mvua niseme pole kwa mtu wa juu, nigeukie upande wa pili.' Alikuwa amechoka na paa hili. Baba alipokuwa hai aliona aibu kusema, maana baba ndiye aliyelijenga. Baba alipokufa aliona aibu zaidi."

"Hajawahi kuniambia hivyo."

"Ulikuwa ukija unamwambia usiuze, usiuze. Angekuambia nini?"

Nilimwambia anabuni, kwamba hakuna ushahidi. Akacheka, si kwa ubaya.

"Kweli hakuna. Shahidi amefariki. Lakini mimi sitasimama mlangoni na gauni lake niseme kinyume cha alichoniambia. Tafuta maneno mengine."

"Hakuna maneno mengine. Filamu nzima inaelekea pale."

"Basi imepotea njia," alisema, akaenda kuosha sufuria.

Siamini habari ya mtu wa juu. Mama alikuwa na maua kwenye ngazi ya mlango. Mtu anayetaka kuhama hapandi maua.

4 Aprili

Nimeangalia mswada. Hakuna neno la kubadilisha.

10 Aprili

Onyesho la jikoni, linalotangulia la mwisho. Mama anapaswa kumwambia binti: "Siku nitakapotoka hapa, nitakuwa nimetolewa." Sentensi moja. Mwigizaji alilia, akapiga magoti, akanyamaza kumpisha. Dada alisimama karibu na meza, akanitazama mimi, si kamera, na hakusema. Tukarudia. Hakusema. Mvua ilikuwa ikipiga bati kiasi kwamba fundi sauti alikuwa amefumba macho.

"Kata," nilisema. "Dada, umesahau?"

"Sijasahau."

"Basi sema."

"Si kweli."

Nikapoteza subira. Nilimwambia hapa mwamuzi ni mimi. Kwamba amezoea kukaa kwenye kiti cha juu na watu wasimame anapoingia. Kwamba ameuza nyumba na sasa anataka kuuza filamu. Niliongea nikitembea, mswada mkononi. Bwana Harusi alikuwa nyuma ya kamera anatazama viatu vyake. Nilipomaliza, fundi sauti aliinua mkono.

"Kimya cha chumba, tafadhali."

"Sasa hivi?"

"Mvua ya hivi hatutaipata tena."

Kwa hiyo tukasimama. Dakika ndefu kuliko zote. Nilitazama ukuta. Ilipokwisha dada alilivua gauni la mama juu ya nguo zake, akalikunja mara nne, akaliweka mezani pakavu.

"Watoto, ahsanteni," aliwaambia wengine. Mimi hakuniambia kitu. Akachukua mwavuli.

11 Aprili

Simu yake inaita tu.

13 Aprili

Inaita tu. Mvua.

15 Aprili

Mwigizaji amependekeza yeye avae gauni, apigwe kwa mgongo, na maneno yawekwe baadaye kwa sauti ya mtu mwingine. Mtayarishaji alikubali mara moja. Mwongozaji alisita. Mwandishi alilishika lile gauni, akagundua kwamba pindo limeshonwa tena kwa mkono, ndani, mahali pasipoonekana. Hakuna aliyefanya lolote.

18 Aprili

Nimekwenda kwa dada. Anakaa ghorofa ya chini. Juu yake kuna familia yenye watoto wanaokimbia. Mvua ilikuwa inanyesha na ndani hukuisikia kabisa. Alinipa chai. Watoto walipokimbia alitazama dari akasema, "Poleni," kama mtu anayeendeleza mazungumzo ya zamani. Hakuwa anafanya mzaha. Nadhani hakujua kama amelisema kwa sauti.

Nikamwambia: "Njoo ufunge mlango tu. Bila maneno."

"Bila maneno kabisa?"

"Bila hata moja."

Alikoroga chai kwa muda.

"Wewe?"

"Kesho asubuhi, dada. Keshokutwa funguo zinatoka."

"Nitakuja."

19 Aprili

Tumefika wote mapema. Mvua nzuri, ya kijivu, mwanga kila mahali kama maziwa. Dada na gauni. Mwigizaji na sanduku. Kamera uani inatazama nyumba.

Mlango wa mbele haupo.

Fundi seremala alikuwa amekuja jana jioni, akaung'oa pamoja na fremu ili akapime mpya. Daktari alimwomba aharakishe, kama hisani kwetu, kwa sababu dada alisema unafungwa kwa bega. Pamebaki tundu lenye umbo la mlango, na ndani yake unaona moja kwa moja mpaka jikoni. Nilimpigia seremala. Alisema mlango wenyewe uliungulia kwenye jiko la mtu. Ulikuwa umeoza, hata kwa kuni haukufaa sana.

Nilikaa kwenye ngazi. Filamu ya mama anayefunga mlango, na mlango umekuwa moshi. Ningekubali mapema kulipiga onyesho bila maneno, ningekuwa nao.

Dada alikaa kando yangu, gauni la mama likilowa.

"Pole," alisema.

"Usinicheke."

"Sicheki. Ulikuwa mlango mbaya, lakini ulikuwa wako."

20 Aprili

Dada amekabidhi funguo. Daktari alituuliza, kwa adabu, ni za mlango upi.

2 Mei

Mvua zinapungua. Mhariri wa gazeti ameuliza iko wapi safu ya wiki hii. Nimemwambia sina la kusema. Ameuliza kama ninaumwa.

9 Mei

Fundi sauti ameniita chumbani kwake kwa kuhariri, chumba chenye mapazia mazito na feni. Nilikwenda kumwambia kwamba tusitishe. Filamu haina mwisho, na mwanzo wake ni hotuba inayoelekea kwenye mwisho huo.

"Kaa kwanza," alisema. "Nilikuwa natafuta vimya vyangu. Bwana Harusi hakuzima hata kimoja."

Akaonyesha.

Ni jikoni. Sauti yangu inasema "kata". Mwigizaji anatoka kwenye picha, na mama, yaani dada, anainama kulisogeza beseni mpaka chini ya tone. Anangoja tone moja, ahakikishe. Anasimama, mkono kiunoni. Kisha siku nyingine, sauti yangu, "kata", beseni. Kisha nyingine. Gauni lilelile, mvua ileile, dirisha linaingiwa na giza kidogokidogo. Fundi sauti ameziunganisha kwa mfululizo, bila kuongeza chochote. Mwanamke anayepigana na paa maisha yake yote, peke yake, na hakuna anayemwona.

Si kwamba hakuna mtu. Kila baada ya muda mfupi mtu anapita. Mwanamke mnene mwenye mswada, anaongea na mtu asiyeonekana, anapunga mkono. Analiruka beseni bila kulitazama. Anarudi, analiruka. Mara moja analirudisha kwenye alama ya chokaa kwa mguu, bila kukatisha sentensi yake, na tone linaanza kuanguka sakafuni.

Nilimwuliza fundi sauti kama hilo ni lazima. Akaendelea kuonyesha.

Kisha ile ya tarehe kumi Aprili. Nimekwisha kufoka. Mkono wa fundi unaonekana pembeni, umeinuliwa. Kila mtu ameganda. Mimi natazama ukuta. Tone linaanguka sakafuni, kwa sauti ya kofi dogo. Dada analitazama, analitazama beseni, lakini ameamriwa asisogee, na yeye ni mtu wa sheria. Tone lingine. Halafu taratibu mguu wake unatoka kwenye ndala, vidole vinagusa ukingo wa bati, na linasogea kama kitu kinachovutwa na maji, bila mkwaruzo hata mmoja, mpaka sauti ya tone inabadilika na kuwa ya bati. Anarudisha mguu. Anafumba macho kidogo. Basi.

Niliomba tuitazame tena. Kisha nikauliza, kwa faida ya Mtayarishaji, maneno yangu yatakaa wapi.

"Yapo," alisema. "Lile la 'kata'."

11 Mei

Mtayarishaji amemwachisha kazi Mwandishi. Mwongozaji hakumtetea.

16 Mei

Nimempeleka dada akaone. Alikaa wima, miwani machoni, mkoba mapajani, kama anavyokaa akisikiliza ushahidi. Feni ilikuwa ikizunguka, na kwa mara ya kwanza nilisikia kimya cha chumba kile bila kuambiwa nikisikie.

Ilipokwisha alivua miwani, akazifuta kwa pindo la khanga.

"Gauni linanikaa," alisema.

"Linakukaa."

"Na huyo anayeliruka beseni kila saa ni nani?"

"Mimi, dada." Nikaongeza haraka kwamba fundi anaweza kunitoa, kuna namna ya kukata picha kwa juu kidogo, kichwa na mswada visionekane, ibaki miguu tu, na hata miguu, kwa kazi ya siku chache, inaweza—

Aliinua kidole. Nikanyamaza.

Akamgeukia fundi sauti.

"Mwache," alisema.